Doa la Hakimu Mwinyikombo

Wageni wanaotembelea nchi yetu hulalamika kwamba nakala za amri za mahakama zinachelewa. Shida yao ni kwamba wanakaa siku chache. Wangekaa miaka miwili mitatu, kama tunavyokaa sisi wenyewe, wangeona jinsi Serikali inavyojituma, na pengine hata nakala wangeiona.

Nasema haya kwa sababu nayajua kwa karibu. Mimi ni mtumishi wa umma. Huu ni mwaka wa kumi na tisa nikiwa Msaidizi wa Viburudisho, Daraja la Tatu, katika Masjala Kuu ya Amri za Ndoa, Talaka na Malezi. Kwa lugha ya nyumbani, napika chai. Watu huniita Mzee Pazi. Nimewatumikia wasajili sita, na wote waliotangulia walistaafu wakiwa na afya njema isipokuwa tumboni. Chai yangu ni ya tangawizi, nzito, na kila asubuhi huandika mahitaji yake kwa penseli kwenye karatasi yoyote iliyo karibu, maana Serikali haijawahi kunipa daftari.

Kwanza niwaeleze kuhusu Kanuni ya Ufanano, la sivyo mtadhani watu wetu hawana akili.

Zamani masjala ilikuwa ikitoa nakala ovyo. Mtu anakuja asubuhi, anapigiwa fotokopi, inagongwa muhuri, anakwenda zake kabla birika halijachemka. Serikali ikaona hatari. Ikaunda tume, tume ikazunguka nchi saba kujifunza, na iliporudi ikaandika kanuni ya mstari mmoja: "Nakala ifanane na asili kwa maneno, kwa sura na kwa hali." Ni mstari mzuri, nao umechongwa kwenye jiwe pale mlangoni. Kutokana na mstari huo tukapata wasomaji wawili, Bi Mashavu na Bwana Lameki, ambao kazi yao ni kusoma kwa sauti kwa wakati mmoja, mmoja akisoma asili na mwenzake nakala, na wanapaswa kuvuta pumzi mahali pamoja. Mmoja akipiga chafya, wanaanza upya.

Nakala ikitofautiana na asili hata kwa nukta, hugongwa muhuri mwekundu wa duara wenye nembo ya Taifa na neno IMEKATALIWA. Kisha anakabidhiwa mwombaji akaitupe mwenyewe, kwa kuwa Serikali haina fungu la kutupa taka. Ama asili yenyewe, hiyo haitoki masjala kamwe. Kutoa asili ni uhaini mdogo, ambao adhabu yake ni nyepesi kuliko ya uhaini mkubwa ila kesi yake huchukua muda mrefu zaidi.

*

Mama mmoja aitwaye Havijawa alifika kwetu Jumatatu ya kwanza ya Januari. Kazi yake ni kushona sare za shule, na nusu ya watoto wa mji huu wamevaa mishono yake. Alikuja na binti yake wa miaka sita, Sikudhani, ambaye alikuwa ameshavalishwa sare kabisa: sketi ya bluu, blauzi nyeupe, pindo limeachwa refu ili akue nalo. Kwa shule mtoto alikuwa tayari. Kilichopungua ni karatasi.

Siku hiyo Msajili Nyangalio alikuwa dirishani mwenyewe, kwa kuwa karani wa dirisha alikuwa semina ya huduma bora kwa mteja.

"Shikamoo, mheshimiwa. Nimekuja kuomba nakala ya amri ya malezi ya mwanangu."

"Marahaba. Sababu ya kuomba?"

"Mwalimu mkuu anaitaka ndipo amwandikishe darasa la kwanza."

"Na kwa nini unataka aandikishwe?"

"Kwa sababu amri imesema hivyo."

"Amri ipi?"

"Hiyo ninayoiomba."

Msajili aliweka kalamu chini. "Mama, unataka kuniambia kwamba unatii amri ambayo huna nakala yake?"

"Nilikuwepo mahakamani siku hiyo, mheshimiwa. Niliisikia."

"Kusikia," Msajili alisema kwa upole, "ndiko kunakoleta fitina katika nchi hii."

Nilikuwa nikipitisha vikombe, kwa hiyo habari yote niliipata. Havijawa na mumewe walikuwa wameachana miezi minane nyuma, na Hakimu Mwinyikombo ndiye aliyetoa amri. Ibara ya nne ilisema mtoto akae na mama yake, kwa sharti kwamba mama amwandikishe shule kabla ya saa tisa alasiri, Ijumaa ya mwisho ya Januari. Asipofanya hivyo, mtoto apelekwe kwa bibi yake mzaa baba huko Ng'ambo ya Juu, safari ya siku mbili, na mama amwone mara moja kwa mwaka. Shule nayo haiandikishi mtoto wa wazazi walioachana bila nakala ya amri. Yaani mama wa watu angeivunja amri ya mahakama kwa sababu mahakama haijampa amri ya kuitii. Ukiitazama kwa mbali ni kazi nzuri, imefungwa kila upande.

"Huyo bibi ameshanunua kitanda," Havijawa aliniambia baadaye nilipompa chai kwenye benchi. "Amenipigia simu kuniambia. Anasema hata shuka ameshatandika."

Nilimwonea huruma, ingawa huruma haimo katika maelezo ya kazi yangu.

*

Kulitafuta jalada kulichukua siku tisa tu. Msajili aliunda Kikosi Kazi cha Kutafuta Jalada, na juu yake akaunda kamati ya kukisimamia kikosi. Walitafuta kwenye makabati, juu ya makabati, na nyumbani kwa mtumishi mmoja aliyekuwa ana tabia ya kubeba kazi. Siku ya tisa jalada likakutwa chumba cha chai, chini ya birika langu kubwa. Lilifikaje huko, mimi sijui. Serikali ni kubwa.

Kila siku katika hizo tisa Havijawa alikuja na mtoto, mtoto kavaa sare. Walikaa kwenye benchi, mama akishona vifungo vya watoto wa wenzake.

Jalada lilipofunguliwa, watumishi wote tulisimama kuzunguka meza. Amri ilikuwa ukurasa mmoja, imepigwa taipu vizuri, ina muhuri wa mahakama na saini ya bluu ya hakimu. Na chini, kuanzia ibara ya nne hadi kwenye saini, palikuwa na doa la chai, la kahawia, umbo la mwezi mchanga wenye mkia.

Bi Mashavu alitoa kitambaa ili alifute. Msajili akamshika mkono.

"Ndugu watumishi," alisema, na sauti yake ikawa ile ya siku za sikukuu. "Hili mnaloliona si uchafu. Hakimu alikuwa kazini. Amevaa joho. Hati iko mbele yake. Chai ikamwagika. Lolote litokalo kwa hakimu akiwa amevaa joho ni la kimahakama. Doa hili ni sehemu ya amri."

Bwana Lameki, ambaye ni mtu wa maswali, aliuliza kama doa hilo, kwa kuwa limekaa juu ya ibara ya nne, linaipa ibara hiyo nguvu au linaipunguza. Msajili alisema suala hilo ni zito na liachiwe Mahakama ya Rufani. Kisha akaamuru liandikwe kwenye kitabu cha kumbukumbu: "Doa moja, la kimahakama, rangi ya kahawia." Mimi nilitoka nikaenda kuosha vikombe ambavyo vilikuwa safi.

Alasiri hiyo wakapiga fotokopi. Fotokopi ikatoa doa jeusi.

"Asili ni kahawia, nakala ni nyeusi," Msajili alisema kwa masikitiko. "Mama, ningependa sana kukusaidia." Akaigonga muhuri wa IMEKATALIWA, akampa akaitupe.

Havijawa hakuitupa. Aliipeleka moja kwa moja Shule ya Msingi Maendeleo ya Jana, akajaribu bahati. Kesho yake alinisimulia. Mwalimu mkuu, mama mmoja aitwaye Eustella, alilamba kidole, akasugua saini kwa nguvu, akatazama kidole. Kilikuwa safi.

"Mama, hii fotokopi," alisema. "Saini ya kweli ukiisugua inatoa wino. Niletee yenye saini ya kweli."

"Na muhuri huu mwekundu, mwalimu?"

"Muhuri hauna tabu. Muhuri wako mzuri."

*

Sasa Msajili Nyangalio si mtu wa kukata tamaa, na hilo ndilo linalotisha kwake. Alitangaza kwamba kwa heshima ya mama huyu, masjala itatengeneza nakala ya kihistoria. Bi Mashavu, ambaye ndiye aliyeipiga amri ile taipu mwanzo, aliketi mbele ya mashine ileile, na karatasi za bunda lilelile ambalo halijaisha tangu mwaka juzi. Akapiga kurasa kumi na mbili. Zikatobolewa matundu ya faili palepale yalipo ya asili, na zikagongwa muhuri wa mahakama ukiwa umeinama kidogo kushoto, kama wa asili ulivyoinama.

Yalibaki mambo mawili, doa na saini. Walipochunguza kwa kioo cha kukuzia waliona saini imekaa juu ya doa. Kwa hiyo ni lazima doa litangulie na saini ifuate. Na kwa kuwa doa lilikuwa la hakimu, ni lazima hakimu mwenyewe aje alimwage.

Hakimu Mwinyikombo alikuwa amestaafu mwezi Agosti na anafuga bata shambani kwake, mwendo wa saa nne. Kibali cha gari la kumfuata kilichukua siku tano. Kibali cha dereva, ambacho ni tofauti, kikachukua nne. Alhamisi, siku moja kabla ya siku yenyewe, mzee akashuka kwenye gari akiwa na kanzu, viatu vya shambani na kalamu yake ya bluu.

Walimvika joho. Wakamketisha. Nikaleta bilauri ya chai bila kumtazama mtu usoni, na hapo nilikuwa na sababu zangu.

"Mheshimiwa," Msajili alisema, "tunaomba umwage."

Hakimu aliitazama bilauri. "Mimi sinywi chai, Bwana Msajili. Nina vidonda vya tumbo. Miaka yote ile kazini nilikuwa nakunywa maji ya moto."

Msajili akaisogeza asili mbele ya mzee.

"Lakini doa, mheshimiwa."

"Doa nililikuta. Hati ilipoletwa nisaini lilikuwepo tayari. Nikadhani ni muhuri mpya wa Wizara."

Msajili alitugeukia akitabasamu. "Mnaona unyenyekevu wa viongozi wetu?" Akamsogezea mzee bilauri.

Hakimu Mwinyikombo ni mtu mwema na alikuwa anataka kurudi kwa bata wake, basi akamwaga. Doa la kwanza likawa dimbwi. La pili likawa kama ramani ya nchi jirani, na likakataliwa kwa sababu za kidiplomasia. Alimwaga mara kumi na moja, kurasa kumi na moja, zote hazijasainiwa, na zote zikagongwa IMEKATALIWA. Havijawa alipewa furushi zima akatupe. Alilipokea, akalikalia benchini. Ukurasa mmoja ukabaki.

"Mkono wako umesahau, mheshimiwa," Msajili alisema jioni ilipoingia. "Lala. Kesho utakumbuka."

*

Ijumaa asubuhi Sikudhani alikuja chumba cha chai. Alikuwa ameshanizoea, mwezi mzima sasa. Alisimama karibu na jiko, sketi yake imepigwa pasi.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba, mama."

"Babu, huko Ng'ambo ya Juu kuna shule?"

"Ipo."

"Na mama yangu atakuwa anakuja kunichukua jioni?"

Nilikoroga chai ambayo haikuwa na haja ya kukorogwa, na moyo wangu ukaniuma, nasema kweli. Maana mimi nilikuwa najua kitu tangu siku lile jalada lilipofunguliwa. Miezi minane iliyopita nilikuwa napeleka chai kwa makarani wa mahakama, wenzangu wa masjala wakanitwika na hati za hakimu kwenye sinia hilohilo. Mlango wa mahakama una kizingiti kilichoinuka. Nilijikwaa mguu wa kushoto. Nilipanguza kwa mkono wa shati, nikaipeleka hati hivyohivyo, nikajisemea kwamba hakuna atakayeona.

Kuchafua hati ya Serikali ni kosa la kufukuzwa kazi, na mimi imebaki miaka miwili nipate kiinua mgongo changu. Nilikuwa naogopa. Nimeogopa mwezi mzima, nikawaacha wamchokoze mzee wa watu na bilauri. Lakini mtoto yule alikuwa ananitazama akisubiri jibu, basi nikavua aproni, nikaingia ofisini.

"Mheshimiwa," nikasema, "lile doa ni langu."

Niliwaeleza yote, hadi kizingiti. Hakimu Mwinyikombo akashusha pumzi. Havijawa alisimama kutoka benchini akiwa ameshika sindano.

"Basi kama ni la mpika chai," alisema, "si la kimahakama. Si mliache? Nipeni nakala isiyo na doa niende."

Msajili alimtazama kwa huruma, kama anavyotazamwa mtu asiyejua sheria. "Mama, doa limeshaandikwa kitabuni kuwa la kimahakama. Kulifuta sasa ni rufaa, na rufaa husikilizwa mji mkuu." Kisha akanigeukia, na nikaona macho yake yanang'aa. "Pazi, umefanya kosa kubwa, na adhabu yako itaandikwa kwa kirefu. Lakini kwa sasa wewe ndiye mtu pekee katika Jamhuri hii mwenye ujuzi wa doa hili. Nakuteua Mmwagaji wa Muda. Chukua sinia."

Tukaenda wote mpaka mlango wa mahakama. Wakaniwekea ule ukurasa wa mwisho kwenye sinia, na bilauri nne, kama siku ile. Nilirudi nyuma hatua kumi. Nikaja, nikajikwaa mguu wa kushoto.

Mwezi mchanga wenye mkia, jamani, palepale, juu ya ibara ya nne. Nilijivuna. Sikatai, nilijivuna sana.

Likakaushwa. Hakimu akasaini juu yake kwa kalamu ileile. Bi Mashavu na Bwana Lameki wakasimama, wakasoma kwa pamoja, wakapumua kwa pamoja, na walipofika kwenye doa wakanyamaza kwa muda unaolingana na upana wake, wote sawasawa. Zile karatasi mbili zikalazwa mezani ubavu kwa ubavu. Hakuna aliyeona tofauti. Msajili alitoa leso akajifuta macho.

Hapo ndipo feni ya dari, ambayo hufanya kazi siku za Ijumaa, ikazipeperusha zote mbili zikaanguka chini.

*

Bwana Lameki aliziokota. Akazitazama. Akaitazama ya kulia, akaitazama ya kushoto, akamtazama Msajili.

"Ipi ni ipi?" Msajili aliuliza.

Hakuna aliyejua. Taipu moja, bunda moja, muhuri mmoja ulioinama, saini moja, doa moja. Msajili alizigeuza juu chini na kushoto kulia, akazimulika dirishani, akazinusa. Nyuma hakuangalia, kwa kuwa Kanuni haisemi lolote kuhusu nyuma.

"Ndugu zangu," alisema mwishoni, na uso wake ulikuwa wa mtu aliyeona mbali. "Tumefanikiwa kupita kiasi. Hii si nakala tena. Zote mbili ni asili. Na asili haitoki masjala. Zifungiwe kabatini."

"Na nakala yangu iko wapi?" Havijawa aliuliza.

"Nakala haipo, mama. Lakini usivunjike moyo, ombi lako bado lina uhai. Andika barua mpya, utaje unaomba nakala ya asili ipi kati ya hizi mbili."

Ilikuwa saa nane na dakika tano, na kutoka kwetu hadi shule ni mwendo wa nusu saa kwa mtu anayekimbia na mtoto. Nilidhani atalia, au atapiga kelele, na ningemwelewa. Hakufanya lolote kati ya hayo. Alitazama saa ya ukutani, akamtazama mwanawe, akazitazama zile karatasi mezani. Mimi nilikuwa nimeleta chai ya kumpoza Msajili.

"Mzee Pazi," alisema, "nipe na mimi chai."

Nikampa. Aliipokea kwa mikono miwili, kwa adabu zote, akasogea mezani kama anayetaka kuziaga karatasi zake. Akainamisha bilauri kidogo. Tone likaanguka pembeni mwa karatasi ya kulia. Moja tu, dogo, kama kifungo cha blauzi. Mshonaji hana mkono wa kutetemeka.

"Nimeharibu, mheshimiwa. Nisamehe."

Msajili aliliinamia lile tone kwa kioo cha kukuzia. Kisha akainuka kitini, na tangu nimfahamu sijamwona na furaha kama ile.

"Hujaharibu, mama. Umetuokoa. Hii sasa ina madoa mawili. Asili ina doa moja, imeandikwa kitabuni. Kwa hiyo hii si asili, hii ni nakala. Tena nakala mbovu." Akagonga muhuri mwekundu mara moja, kwa nguvu, nao ukakaa vizuri sana pembeni mwa saini. Ya kushoto ikafungwa kabatini kwa kufuli mbili. "Na rekodi yetu imebaki safi. Miaka kumi na moja sasa, masjala hii haijathibitisha nakala hata moja yenye kasoro. Chukua, mama, ukaitupe."

"Na mimi nirudi kwa bata wangu?" Hakimu aliuliza, lakini hakuna aliyemsikia.

Kwa kuwa nakala hiyo ilikuwa ya kihistoria, Msajili alitaka itupwe mbele ya shahidi wa Serikali. Akanipa Fomu ya Ushahidi wa Utupaji na penseli, akaniambia nimfuate mama huyo hadi atakapoitupa. Nilimfuata. Sijakimbia hivyo tangu ujana wangu. Havijawa alitangulia na karatasi kifuani, mtoto nimembeba mimi mgongoni, pindo lake refu likinipiga mikononi, na chai yote niliyokunywa kwa miaka kumi na tisa ikinichemka tumboni.

Tulifika saa tisa kasoro dakika nne. Mwalimu Eustella alikuwa ameshafungua kofia ya kalamu ili apige mstari wa kufunga daftari la uandikishaji. Havijawa akaweka karatasi mezani.

Mwalimu alilamba kidole. Akasugua saini. Kidole kikatoka na bluu.

"Eeh," alisema. "Hii sasa ndiyo saini." Akautazama muhuri kwa kupitisha macho tu. Muhuri ulikuwa mzuri. Kisha akaigeuza karatasi, maana yeye ni mwalimu na walimu hutazama nyuma ya kila karatasi. "Na haya ya huku ni nini?"

Nikachungulia begani mwake. Yalikuwa maandishi ya penseli, yamefifia kidogo: sukari, tangawizi, majani ya chai yale makubwa, sufuria dogo linavuja. Mwandiko ulikuwa wangu. Niliikumbuka asubuhi yenyewe, miezi mingi nyuma, kabla ya zile kurasa kumi na mbili kupigwa, na lile jalada lililokuwa karibu.

Havijawa alinitazama. Sijui kama alielewa.

"Ni maelezo ya ziada ya masjala," nikasema.

Mwalimu aliridhika. Akaandika jina la Sikudhani kwenye mstari wa sitini na moja, akaitia karatasi kwenye faili, faili akalitia kabatini, akafunga kwa ufunguo. Akamwonyesha mtoto mlango wa darasa la kwanza, akaone dawati lake la Jumatatu. Sikudhani aliingia bila kugeuka nyuma, kashika sketi isiburute. Mama yake alikaa kwenye ngazi akalia kwa sauti, na mimi nililia kidogo kando yake, ingawa nilikuwa kazini.

Kisha nikajaza fomu. Swali la kwanza liliuliza nakala mbovu imetupwa wapi. Nikaandika: kabatini kwa mwalimu mkuu. Swali la pili liliuliza kama kuna mtu anayeweza kuiokota. Nikaandika: hakuna, kabati lina kufuli. Swali la mwisho Serikali humwuliza kila shahidi, kwa tahadhari tu: Je, asili iko salama?

Nililamba penseli, nikaandika: Iko salama, nimeiona kwa macho yangu.